Kianzio na Mzigo wa Mbegu

Hapo zamani, na si zamani ya mbali, maana wahusika wote wangali hai na wawili kati yao hawasemezani, palikuwa na kijiji huko Pemba kikiitwa Mtondooni. Watu wake walikuwa na kazi mbili: kusuka mikeka na kulima muhogo. Kazi ya tatu, kusengenyana, waliifanya huku mikono iko kwenye hizo mbili.

Mwenye muhogo mzuri kuliko wote alikuwa Faki Shaame, bwana wa wake wawili na sauti ya watu watatu. Kila masika yakikaribia, kijiji kizima kilikwenda kwake kuomba mbegu, yaani vile vipande vya shina vya kupanda. Hakumtoza mtu kitu. Ila ilikubidi usimame kwanza juani umsikilize anavyojisifu.

Mwaka mmoja muhogo wa vijiji vya jirani ulioza. Juu majani mazuri, chini muhogo umepigwa michirizi ya kahawia, mgumu kama gome, hata mbuzi anaukataa. Kituo cha utafiti wa kilimo kikamtuma Zamda binti Makame aje kupima. Zamda ni mtoto wa hapohapo Mtondooni, kasoma, kapata kazi maabara, na posa mbili kazikataa. Hizo posa hazihusu, lakini zilitajwa.

Zamda akaja na kisanduku cha umeme na vichupa vidogo kama kidole cha mtoto mchanga. Akachuma jani kila shamba, akaliponda, akalitia kwenye kichupa, kichupa akakitia kwenye kisanduku. Baada ya saa moja na nusu kisanduku kikachora mistari. Shamba hili, mstari umelala. Shamba lile, mstari umelala. Shamba la Faki, mstari umepanda juu kama mchuma karafuu.

"Ami Faki," Zamda akasema, "shamba lako lina virusi. Ling'olewe lote lichomwe, na mbegu yake asipewe mtu."

Faki akacheka. "Mwanangu, mimi nimeanza kulima muhogo mama yako hajajua kufunga kanga." Akang'oa mashina mawili mbele ya watu, akaukata muhogo wake. Mweupe pe! "Haya, michirizi iko wapi?"

"Bado haijatoka, ami. Lakini virusi vimo."

"Umevionaje?"

Hapo ndipo Zamda alipoharibu. Maana ya jambo alikuwa nayo, tena kamili. Neno hakuwa nalo.

"Ndani ya kichupa natia kitu kinaitwa praima," akasema. "Praima ndiyo inayoanzisha. Bila praima hakianzi kitu."

"Inaanzisha nini?"

"Inaanzisha ile kazi ya kunakili virusi. Vinanakiliwa, vinakuwa vingi, mpaka mashine ivione."

"Vinakuwa vingi!" Faki akawageukia watu. "Mmesikia kwa masikio yenu? Kakiri mwenyewe. Anatia kitu cha kuanzisha ugonjwa, ugonjwa unakuwa mwingi, kisha ananiambia mimi ni mgonjwa!"

Watu wakaguna. Zamda akaeleza tena, maneno yakazidi kuwa ya kitabuni, na kila alipoeleza watu walirudi hatua moja nyuma.

Sasa pale palikuwa na Bi Mize, mzee wa ukili. Ukili ni ule utepe wa kusukwa ambao ukishashonwa pamoja ndio mkeka. Hakuna aliyemshinda Bi Mize kwa kusuka, na kwa kusema pia. Habari ile aliifikisha kisimani kabla ya alasiri, na kabla ya magharibi ilikuwa imevuka shehia ya pili, nayo imenenepa njiani: kwamba praima ikimdondokea mtu mkononi, mkono unatoka michirizi. Na Faki, kwa hasira za kumkomoa Zamda, akawapa mbegu jirani zake wawili siku hiyohiyo, wala msimu haujafika.

Wiki nzima ikapita hivyo. Zamda akipita, wanawake wanafunika vyungu.

Siku ya saba akaenda barazani kwa Bi Mize, macho mekundu. "Bibi, umenisengenya."

"Nimekusengenya, ndiyo. Kaa, usinizibie mwanga."

Akakaa. Mara akaja mke mdogo wa Faki, kashika miyaa, yale majani ya ukindu yaliyochanwa na kutiwa rangi. Akapiga magoti akasema, "Bibi, nianzie."

Mtondooni ndiyo desturi. Ukili wa nakshi hakuna anayejianzia. Unataka kunakili mkeka wa zamani, unakwenda kwa mzee, anakusukia kipande cha vidole vinne, anakukabidhi. Unarudi nacho kwako, unakilaza juu ya mkeka wa zamani pale nakshi zinapolingana, kisha unaendelea huku ukiutazama.

Zamda akavitazama vidole vya Bi Mize vikimwanzia. "Kwani yeye hawezi kuanza mwenyewe?"

"Huyu? Mikono yake inajua kuendelea. Kuanza haijui. Mpe mwanzo, akusukie mpaka Unguja. Usipompa, atakaa na miyaa yake mpaka inyauke."

Mke mdogo akanuna, lakini kipande alikichukua.

Zamda akasimama wima. "Bibi! Hiyo ndiyo praima! Ndani ya kichupa mna msukaji anayejua kuendelea tu, kuanza hajui. Virusi ndio mkeka wa zamani. Praima ni hicho kipande chako!"

Bi Mize akaacha kusuka, jambo ambalo hata kwenye misiba hutokea kwa shida. "Na mkeka wa zamani ukiwa hauna nakshi hiyo?"

"Kipande hakina pa kukaa. Hakiendelei kitu. Mstari unalala."

"Kwa hiyo hakileti ugonjwa."

"Hakileti, bibi. Kinautafuta. Kikiukuta kinakaa, msukaji anaendelea. Mkeka mmoja unakuwa miwili, miwili inakuwa minne."

"Mtoto wewe! Wiki nzima watutisha na praima, kumbe ni kianzio! Hiki sisi twakiita kianzio tangu bibi yangu hajazaliwa."

Ijumaa baada ya sala watu wakakusanyika skuli, sheha Khatibu, mkuu wa shehia, yupo, Faki yupo na sauti yake. Bi Mize akasimama na kipande cha ukili mkononi.

"Nilisema vibaya," akasema. "Msizoee, sitarudia kukiri. Tazameni hapa. Huu ni mwanzo wa nakshi ya mistari miwili myeusi na jicho jekundu kati. Mkiupeleka nyumba ambayo mkeka wake hauna mistari wala jicho, utaendelea?"

"Hauendelei!" wanawake wakajibu.

"Ukiendelea, mjue nini?"

"Mkeka wa nakshi hiyo umo ndani!"

"Nani kautia mle ndani? Kianzio?"

"Ulikuwamo!"

Wanaume walielewa baadaye kidogo, kama kawaida yao, wake zao wakiwafafanulia pembeni.

Faki akainuka. "Mimi sikubali kwa ukili. Nitaleta majani matatu: moja langu, moja la shamba la Bi Mize, moja la mama yake Zamda. Nitayafunga kwenye karatasi, lipi la nani nitajua mimi peke yangu. Kama hicho kianzio kinaleta ugonjwa, vichupa vyote vitaugua."

"Na kichupa cha nne nitatia maji matupu," Zamda akasema. "Kianzio nitatia vyote vinne."

Ikawa hivyo. Wakangoja saa moja na nusu, wakisengenyana ili muda upite. Kichupa cha kwanza, mstari umelala. Cha maji, umelala. Cha tatu, umelala. Cha pili, mstari ukaanza kupinda, ukainuka, ukapanda.

Watu wote wakamgeukia Faki. Karatasi alizifunga mwenyewe, na lipi la nani hakuna mwingine aliyejua. Angetaka kusema la pili ni la Bi Mize, nani angembishia? Zamda na kipimo chake cha kwanza, ambacho watu walikwisha kukikataa? Shamba la Bi Mize lingechomwa, na mbegu ya Faki ingepandwa kijiji kizima.

Faki akakohoa. Akasema kwa sauti ya mtu mmoja tu, "La pili ni langu. Kianzio kimepata pa kukaa."

Jioni hiyohiyo akaanza kung'oa. Shina la kwanza, muhogo mweupe. La kumi, mweupe. Wake zake wawili, ambao hawajapata kukubaliana jambo, wakakubaliana kulia. Yeye akang'oa. Shina la arubaini akalikata: michirizi ya kahawia mwanzo hadi mwisho. Akang'oa yote, akachoma, akaenda na kwa wale jirani wawili akang'oa mbegu aliyowapa, akachoma. Mwaka ule Mtondooni walikula muhogo. Vijiji vya jirani walinunua unga.

Masika yaliyofuata kituo kikaleta mzigo mmoja wa mbegu safi, iliyopimwa shina kwa shina, pamoja na barua. Sheha akaisoma: mzigo apewe yule aliyekifanya kijiji kifahamu. Upandwe shamba moja, mbali na mengine, na mtu mmoja. Ukigawanywa utachanganyika na mbegu za zamani, na kazi yote itakuwa bure. Naye atakayeupanda ndiye atakayegawia mbegu kijiji kizima miaka ijayo.

Sheha akauliza nani aupokee. Wakainuka watatu.

Zamda akasema, "Ni wangu, niupeleke shamba la mama. Kianzio ni nini, nani alijua hapa? Bi Mize amewaanzia watu ukili miaka hamsini, kuna muhogo hata mmoja uliopona kwa ajili hiyo? Neno bila maana ni ganda la nazi."

Bi Mize akasema, "Maana ulikuwa nayo wiki nzima, mwanangu, na ikatufanyia nini? Ilitufunikisha vyungu. Nilipoitia neno ndipo ikaingia vichwani. Kituo chenu leo kinaandika kianzio kwenye karatasi zake, jina langu silioni. Basi nipeni mbegu."

"Hofu uliisambaza wewe, bibi!"

"Niliisambaza, na nikaikusanya mwenyewe. Nitajie mwingine aliyewahi kukusanya umbea wake."

Faki akasema, "Nyinyi mmetoa maneno. Mimi nimetoa shamba."

"Shamba bovu!" Bi Mize akadakia.

"Lilikuwa jeupe nilipoanza kuling'oa! Bi Mize aliwaambia watu neno, wakaitikia kama wako harusini. Walioitikia, wangapi walikuwa tayari kuchoma? Walifahamu waliponiona mimi nimelisema likiniunguza. Na ule ulimi wangu ungeteleza siku ile, Bi Mize, ungekuwa unalia wewe."

"Ungekuwa umesema uongo," Zamda akasema.

"Ndiyo. Na nani angejua? Kisanduku chako?"

Kweli, kisanduku hakijui jani ni la nani. Zamda akageuzia upande mwingine, "Mbegu ile uliyowapa jirani, je, ami? Baada ya kuambiwa?"

Faki akamgeukia sheha.

Sheha Khatibu akavua kofia, akaipangusa, akaivaa, akipima moyoni. Mtu wa kwanza anayo maana, lakini aliisema kwa namna ambayo nusura iangamize kijiji. Wa pili analo neno, lakini ndiye aliyetangaza uongo kabla ya kutangaza kweli. Wa tatu hakuwa na maana wala neno, ila alilitumia neno pale lilipomgharimu, na kabla ya hapo alikuwa ameshagawa ugonjwa kwa mikono yake.

Mzigo umelazwa kivulini chini ya gunia bichi. Macho ya mbegu yamekwisha kuvimba, na mbegu ya muhogo haingoji kesi, ikipita Jumapili inakauka. Sheha akawaangalia watu, watu wakaangalia chini, kila mmoja ana jirani wa kuogopa.

Nyinyi hamna jirani hapa. Semeni basi, kabla ya Jumapili: mwenye maana, mwenye neno, au mwenye kulitumia? Je, nani alistahili mzigo ule?