Mzee Ngwali na Mgeni wa Mawinguni

Hapo zamani, wakati mvua zilipokuwa bado na adabu ya kuja kwa msimu wake, palikuwa na mji uitwao Mwangaje, na mtawala wake aliitwa Fumo Shungwe. Katika mji huo aliishi mzee mmoja fukara, msuka mikeka, jina lake Ngwali, aliyefika umri wa miaka sitini akiwa hajui herufi hata moja. Akajifundisha mwenyewe kwa kuyakodolea macho maandishi ya magunia ya wachuuzi, ikawa mwaka wa tatu anaweza kusoma. Kitabu alikuwa nacho kimoja tu, alichoachiwa na msafiri, nacho kilieleza habari za miungu ya radi inayoaminiwa na mataifa ya mbali. Basi Ngwali hakukamatika tena. Alimsomea kila mtu, na watu walipomkimbia aliwasomea mbuzi, kwa kuwa mbuzi walikuwa wamefungwa kamba.

Siku moja radi ikapiga jumba la Fumo, na nusu ya paa ikateketea. Fumo akatoka chini ya kitanda, hasira yake sasa ikiwa kubwa kuliko hofu yake, akaamuru Ngwali aletwe barazani pamoja na kitabu.

“Ewe Ngwali, nasikia wewe ndiwe mwanachuoni wa radi. Ni nani aliyenivunjia heshima?”

Mwenye akili angalisema hajui. Lakini Ngwali hakuwa amepata kuitwa mwanachuoni tangu azaliwe. Basi akakohoa, akafungua ukurasa wa kwanza. “Bwana wangu, watu wa nchi za barafu walisema radi ni mungu mwenye ndevu nyekundu, apigaye kwa nyundo.”

“Nyundo!” akasema Fumo. “Na katika mji huu, nani ana nyundo?”

Mji mzima ulikuwa na mhunzi mmoja, Chande, jirani yake Ngwali. Askari wakaenda, wakamleta amefungwa mikono, masizi yangali usoni.

Ngwali akababaika, akafunua ukurasa wa pili apate kumwokoa. “Lakini Bwana, Wajapani husema mwenye radi hupiga ngoma.” Akaletwa mpiga ngoma wa harusi. “Na Wayoruba husema hushika shoka.” Akaletwa mkata kuni. Ukurasa wa nne ulisema kwamba yule wa nyundo huvutwa na mbuzi wawili. Ngwali akakifunga kitabu kabla hawajakamatwa wanafunzi wake.

“Jirani yangu,” akanong’ona Chande, “nakuomba, usinitetee tena.”

Fumo akatoa hukumu: wote watatu watahama Mwangaje, na kiwanda cha mhunzi kitabomolewa. Hapo Ngwali akaanguka miguuni pake. “Bwana wangu, hawa hawana hatia. Kosa ni la mwenye radi.”

“Basi mlete mwenyewe! Awe yupi katika hao wako, aje hapa barazani aniombe radhi. Nakupa siku saba, na hawa watatu watangoja kifungoni. Asipokuja, hawa watahama, nawe utawatangulia.”

Ngwali akarudi nyumbani, akamweleza mkewe, Bi Mize.

“Miaka sitini ulikuwa mjinga, hatukufukuzwa hata siku moja,” akasema Bi Mize. “Umekuwa msomi miaka mitatu, tunafunga mizigo.”

“Kweli, mke wangu. Ujinga wangu wa zamani ulikuwa bora. Huu wa sasa una sauti.”

Sasa, Mwangaje palikuwa na desturi ambayo Fumo aliishika kuliko zote: mtawala mgeni haingii mjini mpaka mwenyeji wake, kwa miguu yake mwenyewe, atoke amlaki nusu ya njia, ameinua mkuki wa enzi, nao ulikuwa chuma kitupu. Fumo aliwahi kuvunja urafiki wa miaka kumi na mtawala jirani kwa sababu alilakiwa robo ya njia.

Siku ya saba, baada ya adhuhuri, mawingu meusi yakatanda. Ngwali akaingia barazani amelowa, akainama.

“Bwana wangu, mgeni wako amewasili.”

“Yuko wapi?”

“Yuko juu, amesimama mpakani. Ni mtawala kama wewe, naye angoja kulakiwa kwa desturi yetu. Njia yake ni kutoka mawinguni hadi hapa. Nusu yake sikuweza kuipima, ila ngazi nimekwisha kuiegemeza kwenye mnara wa jumba lako. Tafadhali chukua mkuki wa enzi, uuinue juu sana, apate kukutambua.”

Radi ikapasuka, madirisha yakatetemeka. Fumo akautazama mkuki, akautazama mlango.

“Ni yupi katika wale?”

“Sijamwona uso, Bwana. Wanatofautiana kwa mavazi na kwa silaha. Lakini wote, salamu zao huanza na aliye juu kuliko wengine.”

Fumo akamgeukia waziri. “Nenda kwa niaba yangu.”

“Ningefurahi mno, Bwana,” akasema waziri akirudi nyuma, “lakini desturi yasema mwenyeji mwenyewe. Ni wewe uliyetufundisha.”

“Na nisipokwenda?”

“Basi mgeni hakulakiwa,” akasema Ngwali, “na asiyelakiwa hawezi kulaumiwa kwa kutoingia.”

Kisha Fumo akaanza kucheka, akacheka hata kilemba kikamwinamia sikioni. “Mwambie nimemsamehe!”

Ngwali akatoa kichwa dirishani. “Fumo amekusamehe!” Radi ikapiga tena, naye akakirudisha kichwa upesi. “Ameshukuru, Bwana. Lakini anauliza: ikiwa mwenye kosa amesamehewa, hawa watatu wamefungwa kwa kosa la nani?”

Fumo akaamuru wafunguliwe, na Ngwali akavikwa joho jipya.

“Hila hii umeipata kitabuni?”

“La, Bwana wangu. Kitabu kilinifundisha kuingia barazani. Kutoka nimejitafutia mwenyewe.”

Basi Chande akarudi kiwandani, akawasha moto, na kazi ya kwanza aliyoifua ikawa zawadi kwa jirani yake: ukanda wa chuma wa kukizungushia kile kitabu, wenye kufuli imara. Ufunguo akampa Bi Mize.