Samaki Mlangoni kwa Mbuche

"Alama ya jiweni huhama na jiwe." Ndivyo nilivyomwambia Mboje asubuhi, alipojitetea kwamba alifanya vile kwa sababu rafiki yake naye alifanya. Sasa mmenizunguka mnataka kujua maneno hayo yametoka wapi. Haya, pukuchueni kunde hizi huku mnasikiliza. Yalitokea namna hii.

Palikuwa na watu waliokaa ndani ya Tamba. Tamba ni mawe, marefu kupita minazi, yamesimama bega kwa bega kama watu waliokuja kuzika. Nyumba zilikuwa katika nafasi zilizobaki katikati. Ukitazama mbele, jiwe. Ukigeuka, jiwe. Kwa hiyo kila nyumba ilikuwa na alama yake, iliyochorwa kwa chokaa kwenye mawe tangu ukingoni mpaka mlangoni. Bibi harusi akifika, hakuonyeshwa jiko kwanza. Alionyeshwa alama.

Wazee wa kale walisema mawe yale hugeuka na kusogea, kama ng'ombe aliyechoka kulalia ubavu mmoja. Lakini hakuna aliyekuwa hai aliyewahi kuyaona yakigeuka, basi maneno hayo yakabaki ya kutishia watoto.

Alikuwapo mama mmoja kijana, Mbuche, wa nyumba yenye alama ya kitana cha kuchania nywele. Siku hiyo alimnyonyesha mwanawe Tunu, akamwachia mama mkwe wake, akatoka kwenda kuchimba chumvi nje ya Tamba. Tunu alikuwa bado hajajua uji. Alijua maziwa ya mama yake tu.

Mbuche akiwa anachimba, ardhi ilinguruma kidogo. Akadhani ni tumbo lake, maana hakuwa amekula.

Aliporudi alikiona kitana cha kwanza, akapita. Akakiona cha pili, akapita. Vitana vikampeleka, vikampeleka, akajikuta ukingoni alikoanzia. Akaanza tena. Safari hii vikamfikisha kwenye zizi la mbuzi asiowajua. Akajiuliza kama amerogwa. Saa ya kunyonyesha ilikuwa imeshapita, na maziwa yakaanza kumlowesha kifuani. Alimsikia Tunu akilia, lakini katikati ya mawe kilio kilitoka pande zote.

Akamkuta mzee Shomvi, wa nyumba ya samaki, ameketi na jembe lake kando ya jiwe lililochorwa samaki.

"Shikamoo, mzee."

"Marahaba, mwanangu. Karibu kwangu."

Mbuche akatazama huku na huku. "Kwako wapi?"

"Hapa. Humwoni samaki?"

"Samaki namwona. Nyumba siioni."

"Hata mimi siioni," akasema Shomvi kwa hasira. "Sijui mke wangu ameipeleka wapi!"

"Mzee, nadhani tumepotea."

"Mimi? Samaki huyu nimemchora kwa mkono wangu! Kaa, tungoje. Watairudisha."

Mbuche karibu akae kweli. Kichwa kilimzunguka. Akainama ili asianguke, na alipoinama akaona udongo mbichi na nyasi changa, zimesimama wima.

"Mzee, hapa kwako unapita kila siku?"

"Kila siku."

"Mbona hakuna unyayo?"

Shomvi akamtazama samaki wake tena.

Mbuche akarudi nyuma akitazama chini, hata akaipata njia ya zamani, ile iliyochimbika kwa miguu ya watu. Iliingia chini ya tumbo la jiwe, ikapotea. Akalizunguka jiwe, akaikuta imetokea upande wa pili. Kitana kilisema kulia, njia ilisema kushoto.

"Wewe, Mbuche!" akaita Shomvi nyuma yake. "Huko hakuna kitana!"

Hakugeuka. Hakuwa na hakika. Alikwenda akilia, macho chini.

Njia ikaishia kwenye mlango, na mbele ya mlango ule lilisimama jiwe lenye samaki. Mbuche akasita. Alama ilimwambia hapa si kwako. Kilio kilikuwa ndani. Akafumba macho, akaingia.

"Ulikuwa wapi?" Mama mkwe akamtupia mtoto mikononi. "Amekauka koo!"

Tunu akalishika titi kwa mikono miwili.

"Mama, mlangoni kuna samaki."

"Nimemwona. Nilitoka kuanua nguo, niliporudi nikadhani nimeingia kwa Shomvi. Nimeviomba radhi vyungu vyangu mwenyewe."

Jua lilipokuwa linashuka, Shomvi akatokea, amefuata nyayo za Mbuche. Alipomwona samaki mlangoni uso ukamng'aa. "Kumbe ni hapa!" Akavua viatu, akaingia bila hodi, akauliza chakula kiko wapi.

Mama mkwe akachota chakula. Kisha akamwekea sahani.

"Kula, shemeji, ushibe. Halafu utoke ukaitafute nyumba yako, na samaki usimtazame. Tazama ulipokanyaga. Alama ya jiweni huhama na jiwe."