Jina Moja Chini ya Wimbo wa Mwanamize

Sogeeni karibu, na anayedhani analijua jibu alimeze kwanza. Wapo walioijibu hadithi hii haraka, wakanuniana na wake zao wiki nzima.

Katika mji wa Tandawima watu walijua kwamba dunia si moja. Ziko nyingi, zimepakana kama vyumba vya nyumba moja, na kila mtu ana pacha wake chumba cha pili. Ndipo ikazaliwa elimu ya hifadhi pacha: kila kumbukumbu ya dunia hii ilipelekwa nakala dunia jirani, ili mchwa wa huku wakila, ya kule isalie.

Wataalamu wake walikuwa watatu. Shemsa alijaliwa sikio: alisikia yanayosemwa ng'ambo ya kuta za dunia. Kibwana alijaliwa miguu: alivuka na kurudi nyumbani kwake hasa, si kwa pacha wake, jambo lililowashinda wengi na kuwaletea kesi. Zawena alijaliwa jicho: akiitazama nakala iliyochanganyika na mambo ya kule, hujua kipi chetu na kipi cha jirani.

Basi binti mmoja wa mji huo, Tunu, akawa anaolewa. Katika ukoo wao bi harusi hatoki nyumbani mpaka aimbiwe wimbo aliotungiwa na bibi yake, na wa Tunu ulitungwa na marehemu bibi yake, Mwanamize. Sanduku lililotunza wimbo huo likafunguliwa, na mchwa hawakuwa wamesaza hata ubeti. Wazee walikumbuka kiitikio tu. Nakala ilikuwapo ng'ambo, lakini dunia ipi? Tunu akalia. Hakuililia harusi. Alimlilia bibi, maana aliona kama anamzika mara ya pili.

Shemsa akaweka sikio ukutani. Wengine walisikia kimya, yeye akainua kidole. "Tulieni. Kuna mwanamke kule anauimba huku anapepeta mchele."

Kibwana akavua viatu, akavuka. Njiani alipita milango mingi, na katika kila mlango alisimama mkewe akimwita chakula tayari. Njaa ilimuuma kwelikweli, na mlango mmoja ulinukia pilau. Hakuingia. Akarudi na karatasi ya wimbo.

Wanawake wakaanza kuimba uani. Vigelegele vilipaa mpaka kwenye ubeti ambamo Mwanamize anamsifu mumewe, fundi cherehani Mbaruku.

Babu Mshangama, mgane wa Mwanamize, akaweka kikombe chini. "Mbaruku huyu jirani yangu?"

Mbaruku mwenyewe alikuwa miongoni mwa wageni. Akakohoa, akavitazama viatu vyake.

Zawena akaichukua karatasi. "Usikasirike, Babu. Huyu ni Mwanamize wa kule, aliyeolewa na fundi. Wa kwetu hapa hakusifu, alitania. Alikuwa akikutania kwa lipi?"

"Kukoroma," Babu akasema kwa shida. "Alidai nawafukuza paka."

Zawena akaondoa ya jirani, akarudisha ya kwetu, na mara wazee wakaudaka ubeti wote kwa sauti moja, kama hawajawahi kuusahau. Babu alicheka mpaka akajifuta machozi. Tunu naye alifurahi kupita kiasi, bibi yake amerudi.

Furaha ikakwama kwenye kalamu. Kwa desturi ya elimu ile, chini ya kumbukumbu iliyookolewa huandikwa jina la mrejeshaji, na jina hilo hunakiliwa dunia zote, milele. Mwenye kuandika ni mwenye mali, na wimbo sasa ni wa Tunu. Jina ni moja tu. Zamani waliwahi kuandika mawili. Dunia moja ikanakili la kwanza, nyingine la pili, na kumbukumbu ikaharibika kabisa.

"Mwanangu, bila sikio langu Kibwana angevukia wapi?" akauliza Shemsa.

"Na bila miguu yangu ungeuimbia ukuta," akajibu Kibwana.

"Na bila mimi," akasema Zawena, "leo hii Babu angekuwa shemeji wa mkewe mwenyewe."

Watu wakaangua kicheko, Tunu peke yake hakucheka. Aliwapenda wote watatu, na alijua wawili watarudi nyumbani bila jina. Akamwomba Shemsa asikilize akina Tunu wa ng'ambo wamemwandika nani, apate kuwaiga.

Shemsa akasikiliza, akatabasamu. "Wote wameshika kalamu, mwanangu. Wanakusubiri wewe uanze."

Bwana harusi yuko nje, wali unapoa, na dunia zote zimetulia kimya. Haya, mnaonisikiliza: kalamu ingekuwa mkononi mwako, ungeliandika jina la nani?