Ukoo wa Miungu Barazani kwa Padri Holm

Anayewamba ngoma ndiye mwenye ngozi mkononi, na sijapata kumwona hata mmoja akiivuta kumpelekea jirani. Sisi wa Tarangambadi, mji wa pwani ya Uhindi, tulilijua hilo tangu zamani. Padri Holm alipofika kutoka Ulaya na wino wake, tukalisahau.

Padri alitaka kuandika kitabu cha miungu yetu: nani baba, nani mwana, nani mkubwa wa nani. Akamwajiri Sokkalingam, mwalimu aliyefundisha watoto kwenye baraza la nyumba yake mwenyewe. Sokkalingam alikuwa mtu wa mungu Shiva, majivu matakatifu hayakosi kwenye paji lake la uso. Wanafunzi wake wengi, hata hivyo, walitoka mtaa wa watu wa Vishnu, wanaomwona mungu wao ndiye mkubwa, na aliyewaleta ni Varadan, muuza vitambaa wa mtaa huo, rafiki yake tangu utotoni. Bila mtaa ule, shule ingekufa.

Varadan hakumwamini yule Mzungu hata chembe.

“Mwalimu, mtu akikuuliza kuku wako wanalala wapi, anataka kuwatakia usiku mwema?”

“Acha wasiwasi, bwana. Anajifunza tu.”

“Haya, ajifunze. Na wewe unamfundisha nini?”

Sokkalingam akajitia kutafuta kalamu. Hapo ndipo shaka ilipomwingia Varadan, na shaka ikishaingia haitoki kwa kubembelezwa. Haukupita muda, mtumishi wa padri akanong’ona sokoni kwamba katika ukoo ule Shiva amekaa juu kabisa, na Vishnu yuko chini anamsujudia. Kesho yake baraza la mwalimu lilikuwa tupu. Alikuja mtoto mmoja tu, naye ni wa kumzaa mwenyewe.

Varadan naye akaenda kwa padri kimyakimya kumpangia ukoo upya, Vishnu juu, Shiva chini. Alikuwa angali anaeleza, Sokkalingam akatokea mlangoni.

“Kumbe! Juzi ulimwita mwizi, leo wewe ndiye unayemwonyesha banda la kuku?”

“Nasafisha uongo wako, mwalimu! Vishnu amsujudie nani?”

“Uongo? Hebu rudia!”

Padri akainua mkono, akitabasamu kwa upole. “Msigombane, ndugu zangu. Nimewasikiliza nyote wawili. Tazameni.”

Akakunjua picha. Juu kabisa paling’aa msalaba. Shiva na Vishnu walikuwa chini, bega kwa bega ndani ya shimo la moto, kila mmoja na pembe zake na mkia wake.

Sokkalingam akaonyesha pembe kwa kidole. “Padri, mimi sikukutajia pembe.”

“Majina ni yenu,” padri alijibu bila kukasirika. “Nilichoongeza ni ukweli.”

Walirudi pamoja. Aibu iliwabana wote wawili, maana wino ulikuwa umekwisha kukauka. Walipofika barazani kwa mwalimu, Varadan akasema:

“Watoto watarudi kesho.”

“Ahsante, ndugu yangu.”

“Usishukuru mapema. Nami nitakuja, nikae pale nyuma nikusikilize unavyofundisha.”

Sokkalingam alitaka kukasirika, akakosa pa kuanzia. Padri alivuta, Varadan akavuta, na yeye mwenyewe ndiye aliyetangulia kuvuta. Kweli wahenga hawakukosea: mwamba ngoma, ngozi huivutia kwake.