Siku Tisa za Bi Makiwa

"Siku husukwa, haiamriwi." Ndivyo shangazi yenu alivyomjibu Kombo asubuhi hii, alipotangaza kwamba leo ni sikukuu ili asipalilie mihogo. Mmecheka weee, kisha mkaja kwangu kuuliza maneno hayo yametoka wapi. Kombo, usijifiche nyuma ya dada yako. Mgongo wake haukutoshi. Methali hii ilianza hivi.

Kwetu Ukungwini hakuna mwezi wala nyota, na jua ni weupe tu nyuma ya ukungu. Wageni hutuuliza, "Sasa siku mnazijuaje?" Tunazijua kwa mikono. Mji una nyumba mia tatu na kumi na mbili, na mwaka una siku idadi hiyo hiyo. Kila nyumba ina siku yake na rangi yake. Alfajiri wenye siku husuka kipande chao kwenye ukili wa mwaka, ule ukanda mrefu wa ukindu unaotunzwa barazani kwa Jumbe. Siku hiyo huitwa kwa jina lao, na mji wote huenda kuwasalimu na kula kwao. Ukili ukitimiza rangi zote, tunapanda kilimani, maana alfajiri inayofuata mto Mbweu hufurika na kulifunika bonde hadi juu ya mapaa. Mto huo hauwahi, hauchelewi.

Basi palikuwa na Jumbe mmoja, Mgoli, mwenye shingo isiyojua kuinama. Aliwaalika wakuu wa ng'ambo ya milima waje siku ya nyumba yake, akakosea kuhesabu. Wageni wakafika na ngoma zao siku tisa kabla. Mtu mwingine angesema, "Karibuni, nimekosea mimi." Mgoli akasema, "Leo ni siku yangu. Hizo tisa zirukwe."

Nyumba nane zenye siku hizo zikaitikia, "Ndiyo, Jumbe." Nyama ilikuwa imeshaanza kunukia, unategemea nini? Nyumba ya tisa ilikuwa ya Bi Makiwa, mjane asiye na mtoto wala mbuzi. Hata rangi hakumudu. Kipande chake kilikuwa cha ukindu mtupu. Siku yake ndiyo pekee katika mwaka mzima mlango wake ulipobishwa hodi.

"Jumbe, na siku yangu?"

"Mwakani, Bi Makiwa. Siku moja tu, unalia?"

"Silii. Nauliza umeipeleka wapi."

Watu wakacheka. Yeye akarudi kwake, akaomba mabaki ya ukindu kwa zile nyumba nane, na kila alfajiri akasuka kipande kimoja, rangi kwa rangi, mpaka ikafika zamu yake. Siku hiyo akapika uji wa uwele, akafungua mlango, akangoja. Mji haukuja. Akaunywa peke yake, akautundika ule ukili mfupi nyuma ya mlango.

Siku nyingi zikapita. Uongo ukizoeleka hauonekani tena. Hata Mgoli mwenyewe alisahau. Ukili wa barazani ukafika rangi ya mwisho, watu wakapanda kilimani na watoto na kuku. Alfajiri, mto kimya. Siku ya pili, kimya. Siku ya saba chakula kikawa kimekwisha, watoto wanalia, na Jumbe akasimama.

"Mto umekufa. Tushukeni majumbani."

Watu wakajitwika mizigo. Katikati ya njia wakamkuta Bi Makiwa ameketi, ukili wake mapajani.

"Tumekaa saba," akasema. "Hizi hapa tisa. Zimebaki mbili."

"Ondoka njiani, mama. Nikisema mwaka umekwisha, umekwisha."

"Watu tulikusikia, Jumbe. Mto je, wewe ulimtuma nani akauambie?"

Mzee mmoja akainama kuutazama ule ukili. "Hiyo nyekundu si ya kwetu?"

"Ni yenu. Niliwasukia. Ninyi mlikuwa mnakula."

Hakuna aliyecheka. Mgoli akainua fimbo. "Mimi ndiye ninayeamuru hapa!"

"Amuru watu, Jumbe wangu. Siku husukwa, haiamriwi."

Yule mzee akatua mzigo wake, akaketi kando ya Bi Makiwa. Akafuata jirani, na jirani wa jirani, mpaka Jumbe akabaki amesimama peke yake kama kigingi. Siku mbili walikula mizizi. Zilipokwisha, alfajiri, Mbweu ukaja ukinguruma, ukayafunika mapaa yote. Hakupotea mtu. Hakupotea hata kuku.

Maji yalipopungua, Mgoli alivishona vile vipande tisa kwenye ukili wa mwaka kwa mikono yake mwenyewe. Na kushona, wajukuu zangu, hakuwezekani bila kuinamisha shingo. Ukili huo bado upo barazani. Mishono yake imepinda kama njia ya mlevi.

Bi Makiwa hakungoja wageni tena. Siku yake ilipofika, foleni ilianzia mlangoni ikaishia mtoni. Nyumba yenyewe, aliyowaachia wazee wetu, ndiyo hii mlimoketi. Rangi sasa tunaimudu, tena za kila aina. Hatutaki. Ukindu wetu ni mtupu, na mji mzima ukiuona unajua ni wa nani.

Haya Kombo, jembe lile pale. Bado unataka leo iwe sikukuu? Sema kwa sauti, wenzako wakusikie.

"Siku husukwa, Bibi. Haiamriwi."