Vikapu Vitatu vya Panya Buku

Paukwa!

Pakawa!

Hamjaitika, mmekohoa. Paukwa!

Pakawa!

Nina kisa. Nikifungue, nisikifungue?

Kifungue!

Na kikimwangukia mtu?

Akibebe!

Haya, mmesema wenyewe. Na wewe Mwajuma wa bati jipya, sogea huku mbele nikuone. Usijifiche nyuma ya shangazi yako.

Hapo kale, wanyama walipokuwa wakilima na kujenga kama sisi, walikuwapo Digidigi wawili, mume na mke. Mume aliitwa Kombo, mke Mwanakheri. Digidigi mnamjua, kale kaswala kadogo ka vichakani. Jani likianguka, keshafika ng'ambo. Watu humwita mwoga. Mimi simwiti mwoga, maana si kila jani linaangushwa na upepo.

Kombo na Mwanakheri walikuwa wakilala kichakani. Mvua ikinyesha, yao. Jua likiwaka, lao. Umande ukishuka, wao. Mwanakheri akashika mimba, na Kombo akaapa kuwa mwanawe hatazaliwa kichakani kama kwamba hana baba.

Panya Buku akasikia. Alisikiaje? Sijui. Wenye kukopesha wana masikio, wanajua shida yako kabla hujaipikia uji. Na huyu Panya Buku mashavu yake ni mifuko, hubeba nafaka mdomoni na bado anaongea. Ukimtazama hujui kama anatafuna au anakusifu.

Akaja na salamu ndefu. Akauliza habari za mke, akauliza habari za mimba, akauliza habari za mama yake Kombo aliyekwisha kufa zamani. Kisha akawapeleka kuona nyumba. Nyumba nzuri, haki ya Mungu. Nguzo thelathini za mti mgumu, ukuta umekandikwa udongo, nyasi za paa zimefungwa vizuri. Lakini nauliza, nani aliijenga? Panya hajengi, panya huchimba. Basi nani aliijenga? Mwanakheri aliuliza hivyohivyo moyoni, na nyinyi shikeni swali hilo.

Panya Buku akasema, "Bei yake ni kikapu kimoja cha mtama kwa kila nguzo. Najua leo huna. Nami sina haraka, ndugu yangu. Hamieni leo. Kila mavuno nileteeni vikapu vitatu tu. Haba na haba hujaza kibaba."

Mwanakheri akauliza, "Kibaba cha nani?"

Kombo akamkanyaga mguu. Panya Buku akacheka, akamwita shemeji, akasema anapenda wanawake wenye masikhara. Halafu, kwa sauti ya chini, kama mtu anayesafisha koo, akaongeza kuwa mavuno yakiruka bila malipo, nyumba inarudi kwa mwenyewe. Mmesikia? Kombo hakusikia. Alikuwa anatazama paa.

Wakahamia. Siku ya kwanza Mwanakheri akazunguka ndani akipapasa nguzo, moja baada ya moja. Nguzo nyingi zilikuwa na shimo dogo, limezibwa kwa udongo. Akachokonoa moja kwa ukwato. Alama ya meno. Akachokonoa nyingine. Meno. Akachokonoa ya tatu. Meno.

Akamwambia mumewe, "Kuna mtu alikaa humu kabla yetu."

Kombo akamjibu kuwa nyumba kuukuu haikosi makovu, na mwenye mimba huona mengi.

Sasa nisikilizeni, hapa ndipo kisa kilipo. Katika nchi hiyo watu hawakuhesabu mavuno kwa sauti. Ilikuwa mwiko. Ukihesabu, baraka inaruka kama kunguru. Mtama ulipimwa kwenye uwanja wa kupuria, mbele ya watu, kwa wimbo. Kikapu cha kwanza kikimwagwa, mpimaji husema, "Baraka!" Watu huitika, "Ibarikiwe!" Hicho hakiingii katika bei yoyote, ni cha heri. Hata bibi yangu alipima hivyo, wala sioni ubaya wake. Ubaya ni wa mpimaji.

Mavuno ya kwanza yakafika. Kombo akaleta vikapu vitatu. Panya Buku akamwaga cha kwanza.

"Baraka!"

"Ibarikiwe!"

Akamwaga cha pili. "Baraka ya kungoja!"

Watu wakatazamana. Hawakuwa wamewahi kuisikia hiyo. Lakini neno baraka lina heshima yake, nani atalikatalia? Wakaitika, "Ibarikiwe!"

Akamwaga cha tatu. "Nguzo!" Akaenda hadi kwenye nyumba, akaing'ata nguzo moja, ng'a! Hiyo ndiyo iliyolipiwa.

Vikapu vitatu, nguzo moja. Mwanakheri akafungua mdomo. Kombo akamshika mkono, akamnong'oneza kuwa asimwaibishe, mtu haulizi hesabu ya baraka mbele ya watu. Panya Buku akawageukia kwa upole, akasema kungoja nako ni kazi, shemeji, anayekungojea anachoka. Mnamjua panya anavyokula nyayo za mtu aliyelala? Anauma, anapuliza. Anauma, anapuliza. Asubuhi ndipo unaposhindwa kukanyaga.

Mwanakheri hakubishana. Alikata vijiti vitatu, akavichomeka nyuma ya nyumba. Viwili vya baraka alivipaka chozi lake. Digidigi ana chozi jeusi kwenye kona ya jicho, linanata kama ulimbo, na mvua hailiondoi. Cha tatu, cha nguzo, akakiacha hivyohivyo.

Mavuno ya pili, vikapu vitatu. Vijiti vitatu. Mavuno ya tatu, vikapu vitatu. Vijiti vitatu. Mtoto alikuwa amekwisha kuzaliwa, jina lake Tunu, na uji wake ulikuwa mwepesi unaona chini ya bakuli. Jirani yao Ngiri, ambaye naye alinunua shimo lake kwa Panya Buku kwa masharti yaleyale, alikuwa akipita anacheka.

"Mwanakheri, unajenga zizi la mbuzi gani?"

"Wa kwangu," anamjibu. "Hajazaliwa."

Yale mavuno yakafika kumi. Kombo akaamka na furaha, akavaa kanzu. Kichwani mwake alikuwa amepiga hesabu yake kimyakimya, kwamba vitatu mara kumi ni thelathini, na leo nyumba ni yake. Mwanakheri akamshika mkono, akampeleka nyuma. Vijiti vilikuwa vimezunguka vikakutana, umbo la nyumba kamili, mlango na vyote.

"Hii ndiyo nyumba tuliyolipa," akamwambia. "Sasa ingia ndani ukatazame ile tunayolala."

Kombo akaingia. Nguzo zenye meno mapya zilikuwa kumi. Akatoka mbio hadi kwa Panya Buku. Huko alipewa kiti, akapewa maji, akaambiwa baraka ni baraka na bei ni bei, mtu mzima hachanganyi. Na kama amechoka aache tu, nyumba irudi kwa mwenyewe. Kombo akanywa maji, akashukuru, akarudi. Ndiyo, alishukuru! Usicheke, baba Sauda. Aibu hushukuru sana.

Wangefanya nini? Wakiacha, vyote walivyotoa vimepotea. Wakiendelea, vinaendelea. Wakaendelea. Mwanakheri akaanza duara la pili la vijiti.

Tunu akakua. Kombo akaota mvi. Duara la pili likafunga. Na mwaka uliofuata mvua ikakataa. Mtama ukachomoza, ukatazama jua, ukarudi chini.

Siku ya kupima, uwanja ulikuwa mtupu, vumbi tu. Panya Buku akaja amenenepa. Mbele ya watu wote akasema anasikitika, na machozi yakamtoka kidogo, lakini mavuno yameruka. Nguzo kumi bado ni zake. Nyumba inarudi kwa mwenyewe, zenye alama na zisizo na alama, na jua likizama awe amekabidhiwa.

Kombo akakaa chini vumbini. Tunu alikuwa amechumbiwa, harusi ilikuwa itoke katika nyumba hiyo. Sasa itoke kichakani?

Mwanakheri akasimama katikati ya uwanja. Hakupiga kelele.

"Mwenye nyumba, nina swali la kijinga. Vikapu vile vya kwanza vya kila mavuno vilikuwa bei?"

"Hapana, shemeji. Baraka."

"Na vile vya pili?"

"Baraka ya kungoja."

"Hakuna hata kimoja kilichokuwa bei?"

"Hata kimoja. Mashahidi ni hawa, waliitika kwa midomo yao."

Watu wakasema kweli, waliitika. Mwanakheri akamgeukia Kanga, mpika pilau wa mji, ambaye hakuna harusi aliyoikosa.

"Mama Kanga, nikikuletea kikapu cha heri nyumbani kwako, utanirudishiaje kikapu changu?"

Kanga akashangaa kuulizwa jambo ambalo hata mtoto analijua. "Na kitu ndani. Chombo cha jirani hakirudi kitupu. Hata kama sina, nitatia ndimu mbili."

"Na anayerudisha kitupu?"

"Huyo hana kwao."

Mwanakheri akamtazama Panya Buku. "Vikapu vyetu vya baraka vilirudi vitupu, kila kimoja, kila mwaka. Tunasubiri vya kwako."

Panya Buku akatafuna kitu ambacho hakikuwamo mdomoni. Akaona jinsi watu wanavyomtazama, akaona mlango wa kutorokea katika maneno, akaurukia. Akasema labda hawakuelewana, labda alisema kwa lugha ya mkato, kwa kweli vikapu vile vyote vilikuwa bei. Bei tupu.

"Vyote?"

"Vyote."

"Basi twendeni nyuma," akasema Mwanakheri.

Wakaenda, mji mzima. Wakaona nyumba moja ya vijiti, na pembeni yake nyumba ya pili ya vijiti. Kijiti kwa kila kikapu. Hakuna aliyehesabu kwa sauti, hakuna aliyevunja mwiko. Hakukuwa na haja, mwenye macho haambiwi tazama. Na kila vijiti viwili vina chozi, cha tatu kikavu. Chozi, chozi, kikavu. Chozi, chozi, kikavu.

Kanga ndiye aliyesema. "Hizi ni nyumba mbili."

"Nami ninalala katika moja," akasema Mwanakheri, "na anataka kunitoa. Chagua, mwenye nyumba. Ikiwa ni bei, nyumba ni yetu na una mtama wetu wa nyumba nzima. Ikiwa ni baraka, kila chenye chozi kirudi na kitu ndani. Nami sitaki ndimu."

Panya Buku akapima, maana hilo ndilo alilojua. Bei ilikuwa nafuu kwake. Akasema bei. Akasema nyumba ni yao, heri na iwe heri, na mtama uliozidi atautoa sasa hivi ghalani, wamngoje pale. Akaingia shimoni mwake.

Wakangoja. Jua likapinda, wakangoja. Kanga akaenda kuchungulia, akarudi na habari kwamba shimo lina midomo mingi, na mwingine umetokea bondeni, na nyayo zimeelekea huko. Mpaka leo Panya Buku hajatoka mchana. Mpaka leo shimo lake lina milango mingi kuliko wakazi. Na nilisema mshike swali la nani aliijenga nyumba ile? Hakuna aliyepata kujua. Meno ya zamani yalibaki kwenye nguzo, chini ya udongo, na aliyeyalipia hajulikani alilala wapi.

Watu wakaanza kupiga vigelegele. Ngiri hakupiga. Alikuwa amesimama mbele ya vijiti, meno yake marefu yameinama.

"Mwanakheri," akauliza taratibu, "vijiti hivi unavikata wapi?"

Watu walipokwenda zao, Kombo akabaki pale nyuma. Akaingia katika nyumba ya kwanza ya vijiti, akatoka. Akaingia katika ya pili, akakaa ndani, hakuna ukuta, hakuna paa. Akalia. Akasema uji wa Tunu ndio huu, na kanzu ambazo hakununua ndizo hizi, na ujana wake ndio huu, umechomekwa ardhini.

"Nyumba nimepata," akasema.

"Umepata," mkewe akamjibu. Hakumcheka. Alikaa naye mpaka alipomaliza. "Mimi nilijua tangu kijiti cha kwanza, Kombo. Ungeniachia niulize jambo moja tu."

Ndiyo maana mpaka leo digidigi hatembei bila mwenzake, na akipita porini husimama akapaka chozi lake kwenye kijiti. Wawindaji husema anaweka mpaka. Hawajui. Anakumbuka alichotoa.

Na jambo lenyewe alilotaka kuuliza? Si kikapu kimoja, si vitatu. Vitatu kila mtu anaweza kuvibeba, ndiyo maana akakwambia vitatu. Alitaka kuuliza mpaka lini, na vyote vikikusanywa mahali pamoja vitakuwa rundo la namna gani.

Mwajuma. Yule kijana wa bati, mwenye viatu vinavyong'aa, aliyekupa kalamu utie sahihi, kisha akaona bora dole gumba. Alikwambia utatoa kidogo tu kila mwezi. Tulimsikia sote, na alikuita mama. Ulimuuliza mpaka lini?

Haya, mwacheni, msimtazame hivyo. Kesho asubuhi nitampeleka mimi mwenyewe akaulize, na vijiti tutakata njiani.

Kisa nilikifungua, sasa nakifunga. Kitamu chake mgawane. Na kilichomwangukia mtu?

Akibebe!

Tutambebea.