Mlambachozi na Mtoto wa Kalunde

Kisa kiko mlangoni! Itikieni: "Na kiingie!" Mbona mnaitikia kama wagonjwa? Tena! Haya, kimeingia. Wewe mjukuu na mume wangu Kapipi, toa mguu kwenye ungo wa karanga, nisije nikakuacha nikaolewe na mwingine.

Hapo kale, kabla bibi yangu hajazaliwa, na bibi yake pia, kulikuwa na mnyama akiitwa Mlambachozi. Mdogo kama mwanambuzi, manyoya ya kijivu, ulimi mrefu kuanzia hapa hadi hapa kwenye kiwiko. Hali majani, hali nyama. Anakula huzuni. Ukilia, anakuja taratibu, anapanda mapajani, analamba chozi. Akishalamba, huzuni imekwenda, unainuka unaendelea na shughuli zako. Hang'ati, hakwaruzi. Msiniulize alitoka wapi, sikumzaa mimi.

Basi katika kijiji kimoja alikuwako mama kijana, Kalunde, na mtoto wake mchanga, Lusona. Mumewe Mihambo akauawa na nyati, mvua za kwanza ndiyo zimenyesha. Na desturi mnaijua: mtu akifa watu wanakaa matanga, wanalia, na watani wanakuja kutoka ng'ambo ya mto kufanya vituko vyao. Wanalala kaburini, wanamwigiza marehemu, wanadai kuku. Lakini mwaka ule wazee wakasema, "Majembe yamelala. Matanga ya nini? Mwiteni Mlambachozi. Na watani msiwapelekee habari, watatumalizia kuku bure."

Wakamwita. Akalamba huyu, akalamba yule, akamlamba Kalunde. Asubuhi yake kijiji kizima kiko shambani, kinaimba. Ukimuuliza Kalunde habari za Mihambo, anakujibu, "Ee, alikuwa mume wangu," kisha anaendelea kulima.

Lusona amelazwa pembeni ya shamba. Akalia, kama watoto wanavyolia. Kalunde akasema, "Wewe Mlambachozi, hebu ninyamazishie." Akalamba. Kimya. Kesho akalia, akalamba, kimya. "Mtoto mpole huyu!" wakasema wanawake. Mpole wapi! Alikuwa na njaa, halii. Amelowa, halii. Siafu wanamng'ata, halii. Na mama mwenye kazi, mtoto asipolia, atakumbuka ziwa saa ngapi? Lusona akakonda, akakonda, shingo ikashindwa kubeba kichwa.

Unasemaje, Kapipi? Mama yake alikuwa hana akili? Alikuwa nayo, na macho anayo. Aliona mtoto anakwisha. Ila haikumuuma. Kila ilipotaka kumuuma, ulimi ule ulikuwa umeshafika.

Siku moja asubuhi, watu bado hawajatoka kwenda shamba, vumbi linatimka! Mahona, mtani wa Mihambo, habari ameipatia kwa wauza chumvi. Amekasirika huyo! "Mmemzika mtani wangu bila mimi? Kuku wangu yuko wapi?"

"Shika jembe utusaidie," wakamwambia.

Akawatazama. Akamtazama Lusona. Akaingia nyumbani kwa Kalunde, akatoka amevaa vazi la ngozi la Mihambo, tumbo mbele, miguu nje, mwendo wa Mihambo kabisa. Akajitupa pale mlangoni. "Mke wangu, ugali uko wapi? Nimelima mpaka kiuno kimekatika!" Na kila mtu alijua Mihambo akilima tuta moja, la pili analalia. Akaanza kukoroma, khoo, khoo, na mluzi mwishoni, fyuu.

Kalunde akamtazama. Mdomo ukamcheza. Mara akacheka! Mlambachozi ametulia tu, kicheko si chakula chake. Kalunde akacheka mpaka akashika mbavu, na katikati ya kicheko chozi likamtoka. "Uwii, Mihambo wangu! Mume wangu mvivu! Nani atanikoromea tena mimi?"

Mlambachozi huyoo, mapajani! Akalamba. Kumbe chozi lile lina kicheko ndani. Likamkaba kooni. Akapiga chafya, akatema, akagaagaa, akakimbilia porini ulimi unaburuzika mavumbini.

Hapo sasa ndipo Mihambo alipoliliwa. Kijiji kizima, cheka na lia, lia na cheka. Na ndani ya kelele zile ikasikika sauti nyembamba, imekwaruza. Lusona analia.

Kalunde akaruka, akamnyakua, akamtia ziwa mdomoni, machozi yanamdondokea mtoto usoni. "Nisamehe, baba. Lia! Lia nikusikie!"

Alinyonya, wajukuu zangu, kwa shida, kidogo kidogo, na akapona. Kwa hiyo mtani akija msibani akakudai kuku, mpe, tena mnono, kazi yake ni kubwa. Na mtoto akilia, usimwambie nyamaza kabla hujajua anataka nini.

Mzigo wangu nimeutua hapo. Anayeutaka ajitwishe, mimi narudi kwenye karanga zangu.